David Halberstam na vitabu vyake vya michezo ya Marekani: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Majibu haya ni kwa msomaji anayetaka kuvisoma vitabu hivi kwa makini, na kwa mwandishi kijana anayetaka kujua viliandikwaje. Si lazima uwe shabiki wa besiboli.

Halberstam ni nani, na kwa nini anatajwa pamoja na waandishi wa michezo?

Alizaliwa New York tarehe 10 Aprili 1934. Jina lake lilijengwa kwanza na vita na siasa: mwaka 1964 alipata Tuzo ya Pulitzer, kwa pamoja na Malcolm Browne wa shirika la habari la AP, kwa taarifa zao kutoka Vietnam. Lakini kati ya mwaka 1981 na 2005 alitoa vitabu 7 vya michezo, na angalau viwili kati ya hivyo vimekuwa kipimo ambacho waandishi wengine wa Marekani hupimwa nacho. Aliandika pia makala kwenye tovuti ya ESPN, na mwaka 1991 ndiye aliyechagua makala za toleo la kwanza la mfululizo wa kila mwaka wa uandishi bora wa michezo nchini humo.

Alianzaje kazi?

Kwa chini kabisa, tena kwa kupenda. Alipomaliza Harvard mwaka 1955, ambako alikuwa mhariri mtendaji wa gazeti la wanafunzi, angeweza kutafuta nafasi kwenye gazeti kubwa. Akaenda West Point, mji mdogo wa Mississippi, kwenye gazeti dogo la kila siku, kwa sababu aliona habari kubwa ya nchi wakati ule ilikuwa ubaguzi wa rangi wa Kusini. Hakudumu hata mwaka. Akahamia Nashville kwenye gazeti la Tennessean, na huko mwaka 1960 aliripoti wanafunzi weusi walioingia kwenye migahawa ya wazungu, wakaketi na kukataa kuondoka. Mwaka huohuo akachukuliwa na New York Times.

Miaka hiyo ya Kusini inaonekana katika kila kitabu chake cha michezo. Anapomweleza mchezaji mweusi aliyekulia kwenye mashamba ya pamba, anajua barabara ya vumbi anayoizungumzia.

Ni kweli alifanya kazi Kongo?

Ndiyo. Mwaka 1961 New York Times ilimpeleka Kongo, wakati Katanga ya Moïse Tshombe imejitenga na majeshi ya Umoja wa Mataifa yanapigana na askari wake. Aliripoti kutoka Elisabethville, Lubumbashi ya leo. Mwaka 1962 akahamishiwa Saigon.

Anayemsoma kwa ajili ya michezo asiiruke sehemu hii, kwa sababu mbinu yake yote ilipatikana huko. Saigon, majenerali walisema vita vinakwenda vizuri na adui anashindwa. Maofisa washauri waliokuwa mashambani kwenye delta ya Mekong, akiwemo John Paul Vann, walisema kinyume. Halberstam akawaamini walioko mashambani, na taarifa zake zilimuudhi Rais Kennedy hadi akamwomba mwenye gazeti amwondoe Vietnam. Mwenye gazeti alikataa. Miaka ishirini baadaye, akiandika juu ya timu ya kikapu, Halberstam alifanya vilevile: alisikiliza msemaji wa klabu, kisha akamtafuta msaka vipaji, daktari wa timu, kocha msaidizi na mchezaji wa benchi. Mtu anayekaa ngazi moja chini ya bosi anaona mambo, na mara nyingi hakuna aliyewahi kumuuliza.

Vitabu vyake vya michezo ni vipi?

Kwa mfuatano wa kutoka: *The Breaks of the Game* (1981), juu ya msimu mmoja wa timu ya kikapu ya Portland, *The Amateurs* (1985), juu ya wapiga makasia, *Summer of '49* (1989) na *October 1964* (1994), vyote vya besiboli, *Playing for Keeps* (1999), juu ya Michael Jordan, *The Teammates* (2003), juu ya wazee wanne waliowahi kuchezea Boston Red Sox, na *The Education of a Coach* (2005), juu ya Bill Belichick, wakati ule kocha wa New England Patriots, timu ya futiboli ya Kimarekani. Baada ya kifo chake, mwaka 2008, makala zake fupi za michezo zilikusanywa katika *Everything They Had*.

Mwandishi wa vita alitafuta nini viwanjani?

Kwanza, pumziko. Vitabu vyake vizito vya siasa na historia vilimchukua miaka mingi, na kati ya kimoja na kingine aliandika kimoja cha michezo, chenye watu wachache na msimu wenye mwanzo na mwisho. Ukiziangalia tarehe utauona mpangilio huo: 1979 kitabu kinene juu ya vyombo vya habari, 1981 Portland, 1993 historia ya miaka ya 1950, 1994 besiboli, 1998 vijana wa Nashville, 1999 Jordan.

Pili, na hili ndilo kubwa, michezo ilimwezesha kuandika juu ya pesa na rangi mahali ambapo vyote viwili vinaonekana kwa macho. Ofisini mshahara ni siri. Kwenye ligi ya Marekani mshahara wa mchezaji unachapishwa gazetini, na mwenzake wa chumba kimoja cha kubadilishia nguo anausoma akinywa chai.

Nianze na kipi?

Kama unajua mpira wa kikapu, anza na *The Breaks of the Game*. Ndicho bora kuliko vyote.

Kama hujui mchezo wowote wa Kimarekani, anza na *The Teammates*. Ni chembamba, unakimaliza kwa siku mbili tatu, na hakihitaji kujua kanuni. Ukikipenda, nenda *Summer of '49*, maana wazee uliokutana nao utawaona humo wakiwa vijana. Halafu *October 1964*.

Usianze na *Playing for Keeps* hata kama Jordan ndiye aliyekuleta. Ni kirefu, na sehemu kubwa yake inahusu viatu, televisheni na mawakala. Msomaji anayetafuta mechi tu hukiacha katikati.

Kitabu cha Portland kinahusu nini, na kwa nini kinasifiwa hivyo?

Portland Trail Blazers walikuwa mabingwa wa NBA mwaka 1977, chini ya kocha Jack Ramsay, nyota wao akiwa Bill Walton. Msimu uliofuata walishinda mechi 50 kati ya 60 za kwanza, kisha Walton akaumia mguu. Alirudi kwenye mtoano dhidi ya Seattle akiwa amechomwa sindano ya kutuliza maumivu, na baada ya mechi ya pili picha zikaonyesha mfupa wa mguu umevunjika. Akailaumu klabu kwa namna ilivyomtibu, akakaa nje msimu mzima wa 1978–79, akahamia San Diego.

Halberstam alifika baada ya hayo yote. Aliandamana na timu msimu wa 1979–80, timu iliyokuwa na kumbukumbu ya ubingwa na mwili wa majeruhi. Walimaliza na ushindi 38 na vipigo 44, wakatolewa na Seattle raundi ya kwanza, mechi 2 kwa 1. Mwandishi mwingine angeona amepoteza mwaka. Yeye alipata kitabu, kwa sababu timu inayoshindwa inasema mengi kuliko timu inayoshinda.

Maurice Lucas, mtu wa nguvu wa timu ile ya 1977, aliona wachezaji wapya wanaolipwa zaidi yake na akataka mkataba wake uandikwe upya. Klabu ilikataa. Februari 1980 akapelekwa New Jersey, na Calvin Natt akaja Portland. Halberstam hamtetei Lucas wala klabu. Anazifuata hesabu za pande zote mbili hadi unaelewa kwamba kila mmoja alikuwa na haki kwa kipimo chake, na kwamba timu ilikufa hapohapo.

Kermit Washington naye alikuja Portland kama sehemu ya fidia ya kuondoka kwa Walton. Tarehe 9 Desemba 1977, akiwa Lakers, alimpiga Rudy Tomjanovich wa Houston ngumi iliyomvunja mifupa ya uso. Alitozwa faini ya dola 10,000 na kufungiwa siku 60. Watu wengi walimjua kwa ngumi hiyo tu. Kitabu kinarudi nyuma kabisa: mtoto wa Washington, D.C. asiyetazamwa na mtu, kijana aliyejijenga chuoni kwa mazoezi, mchezaji wa NBA aliyemwomba kocha mzee Pete Newell amfundishe upya namna ya kusimama na kugeuka chini ya kikapu. Ukifika kwenye ngumi unamjua aliyeirusha. Haifutwi wala haitetewi. Kwa sehemu hii peke yake kitabu kinastahili bei yake.

Halafu Billy Ray Bates. Alizaliwa Mississippi katika familia iliyolima mashamba ya watu, akaachwa na Houston, akawa anacheza ligi ndogo na timu ya Maine. Februari 1980 Portland wakampa mkataba wa siku 10. Katika mechi tatu za mtoano dhidi ya Seattle alifunga wastani wa pointi 25. Halberstam anashangilia pamoja na uwanja mzima, na wakati huohuo anaonyesha kijana ambaye hakuna aliyewahi kumfundisha aishi vipi na pesa na sifa vikimjia kwa mkupuo.

Kuna uhusiano wowote na Afrika Mashariki humo?

Upo, kupitia Lionel Hollins. Alikuwa mlinzi wa timu ya ubingwa ya 1977, na kitabuni utasoma jinsi alivyouzwa kwenda Philadelphia katikati ya msimu wa 1979–80. Hollins huyohuyo ndiye aliyekuwa kocha mkuu wa Memphis Grizzlies mwaka 2009, klabu hiyo ilipomchagua Mtanzania Hasheem Thabeet akiwa wa pili kwenye orodha nzima ya wachezaji wapya. Thabeet alikaa kwake hadi Februari 2011, naye akahamishwa katikati ya msimu, kwenda Houston.

Sijui besiboli hata kidogo. Nijue nini kabla ya kuvisoma vitabu viwili vya besiboli?

Machache yanatosha. Mrushaji anarusha, mpigaji wa timu pinzani anajaribu kupiga kwa gongo na kukimbia kuzunguka vituo vinne. Akirudi nyumbani salama ni alama moja. Timu ikipoteza wapigaji watatu zamu yake imekwisha. Kila timu ina zamu 9. Mpigo unaovuka uzio humrudisha nyumbani mpigaji na wote waliokuwa vituoni. Mwaka 1949 kila timu ilicheza mechi 154. Kulikuwa na ligi mbili, na kinara wa kila ligi aliingia fainali moja kwa moja, bila mtoano. Ndiyo maana mechi za mwisho wa msimu zilikuwa na uzito ule.

Takwimu moja usiipite: wastani wa mpigaji. Ni mipigo iliyofanikiwa kugawanya kwa majaribio yaliyohesabiwa. Mwaka 1949 George Kell wa Detroit alipata mipigo 179 katika majaribio 522, sawa na 0.3429. Ted Williams wa Boston alipata 194 katika 566, sawa na 0.3428. Kell akawa bingwa. Mpigo mmoja zaidi ungempandisha Williams hadi 0.3445, na angeongoza ligi katika wastani, katika mipigo ya kuvuka uzio na, sambamba na mwenzake Vern Stephens, katika alama alizowezesha. Ukishalielewa pengo hilo dogo utaelewa kwa nini watu walikuwa bado wanalizungumzia miaka 40 baadaye, Halberstam alipowagongea mlango.

Anayeruka ukurasa wa takwimu hupoteza uzi, kwa sababu Halberstam mara nyingi hafafanui. Anaandika kwa Wamarekani waliokua na redio ya besiboli nyumbani.

Nini kilitokea katika *Summer of '49*?

New York Yankees na Boston Red Sox waligombea nafasi moja hadi siku ya mwisho. Joe DiMaggio wa Yankees alikosa mechi 65 za kwanza kwa maumivu ya kisigino, akarudi tarehe 28 Juni mjini Boston, na katika mechi tatu akapiga mipigo minne ya kuvuka uzio. Boston walikuwa nyuma sana majira ya joto, wakapanda pole pole, na walipokwenda New York kwa mechi mbili za mwisho walikuwa mbele kwa mechi moja. Walihitaji kushinda moja tu.

Tarehe 1 Oktoba waliongoza 4–0 na wakafungwa 5–4. Tarehe 2 Oktoba walikuwa nyuma 1–0 walipofika zamu ya nane, na kocha Joe McCarthy akamtoa mrushaji wake, Ellis Kinder, ili aingize mpigaji wa akiba. Yankees wakawafunga waliomrithi Kinder alama 4. Mchezo ukaisha 5–3. Uamuzi ule wa McCarthy umebishaniwa tangu siku hiyo, na kitabu kinakupa sauti za waliokuwa uwanjani bila kukulazimisha uchague upande.

Kina mapenzi mengi mno kwa zama zile, hilo ni kweli. Halberstam alikuwa na miaka 15 mwaka ule, na inaonekana.

*October 1964* ni historia ya fainali tu?

Hapana, na ndiyo sababu baadhi yetu tunakiweka juu ya kile cha 1949. Fainali yenyewe ilikuwa St. Louis Cardinals dhidi ya Yankees, na Cardinals walishinda mechi 4 kwa 3. Swali la kitabu ni kwa nini himaya ya Yankees iliporomoka mara tu baada ya hapo. Jibu lake linahusu rangi. Jackie Robinson alivunja ukuta mwaka 1947 na Brooklyn, lakini Yankees hawakuwa na mchezaji mweusi hadi Elston Howard mwaka 1955. Timu za ligi nyingine ziliwachukua vijana weusi mapema, zikapata kasi na nguvu ambazo Yankees walizidharau.

Cardinals walikuwa na Bob Gibson, Lou Brock, Curt Flood na Bill White. Kitabu kinaonyesha jinsi timu ilivyofikia kuishi pamoja. Mazoezi ya kabla ya msimu yalifanyika St. Petersburg, Florida, ambako wachezaji weusi hawakuruhusiwa kulala hoteli ya wenzao. Mwaka 1961 White alilalamika hadharani juu ya kifungua kinywa kilichoandaliwa kwa wachezaji wazungu peke yao. Habari ikaenea, na hatimaye ikapatikana moteli ambamo wachezaji wote, weusi kwa weupe, walikaa na familia zao. Watoto waliogelea bwawa moja. Katika mji ule na mwaka ule, hilo lilikuwa jambo la watu kupita na gari ili walitazame.

Brock alitoka Chicago tarehe 15 Juni 1964 kwa kubadilishwa na mrushaji Ernie Broglio, na wengi walidhani Chicago ndio waliofaidika. Gibson alirusha mechi ya saba akiwa amepumzika siku mbili tu, akachoka, akapigwa mipigo miwili ya kuvuka uzio katika zamu ya tisa, na kocha Johnny Keane akamwacha amalize. Matokeo 7–5. Soma sura hiyo polepole. Na ujue kwamba Curt Flood unayemwona humo akikimbia nyuma ya mpira ndiye aliyekuja kuishtaki ligi kwa kumhamisha bila ridhaa. Alishindwa Mahakama Kuu ya Marekani mwaka 1972, lakini wachezaji wa leo wanaochagua timu wanadaiwa naye.

Michael Jordan hakumpa mahojiano. Kitabu kilipatikanaje?

Kwa kumzunguka. Halberstam alizungumza na makocha wa shule na chuo, wachezaji wenzake, wapinzani, watu wa Nike, watu wa televisheni, wasaka vipaji waliokuwa kwenye ligi mwaka 1984 Jordan alipochaguliwa wa tatu. Faida yake ni kwamba hadithi zilizozoeleka zinapimwa. Ile ya Jordan kukatwa kwenye timu ya shule, kwa mfano: alikuwa darasa la chini, nafasi ilikuwa moja ya mtu mrefu, akachukuliwa rafiki yake Leroy Smith. Jordan akacheza timu ya pili ya shule. Kuumia aliumia, lakini hakufukuzwa na makocha vipofu.

Hasara nayo ipo. Kuna kurasa ambapo unahisi mhusika mkuu yuko chumba cha pili na mlango umefungwa. Kwa mchezo wa mwisho wa Jordan akiwa na Chicago, tarehe 14 Juni 1998 kule Utah, 87–86, maelezo ni ya kuvutia, lakini ni ya waliokuwa pembeni.

Na hicho cha makasia kina nini?

Kina watu wanaojiumiza bila malipo. Mwaka 1984 Marekani ilihitaji mtu mmoja wa mtumbwi wa kasia mbili wa mpiga makasia mmoja kwa Olimpiki ya Los Angeles. Mashindano ya mchujo yalifanyika Princeton, mita 2,000. John Biglow alimshinda Brad Lewis kwa pengo dogo. Tiff Wood, aliyekuwa akitegemea nafasi ile kwa miaka, alikwenda Olimpiki kama mchezaji wa akiba. Lewis akatafuta mwenzi, Paul Enquist, wakaingia mtumbwi wa watu wawili na wakarudi na dhahabu. Biglow akawa wa nne. Hakuna televisheni, hakuna viatu vya kuuza, na Halberstam anauliza kwa dhati kabisa kwa nini mtu mzima aliyesoma afanye hivi.

Vitabu viwili vya mwisho vinafaa?

*The Teammates* ndiyo. Kinafuata safari ya gari ya Oktoba 2001, Dominic DiMaggio, mdogo wake Joe, na Johnny Pesky wakienda kutoka Massachusetts hadi Florida kumwona Ted Williams aliyekuwa mgonjwa. Williams alifariki Julai 2002. *The Education of a Coach* kinafaa hasa kwa sura za baba. Steve Belichick alisaka mbinu za wapinzani kwa timu ya Chuo cha Jeshi la Majini kwa miaka zaidi ya 30, na mwanawe alianza kutazama filamu za mechi akiwa mtoto wa shule ya msingi. Sura za baadaye zinamheshimu kocha kupita kiasi.

Alifanyaje kazi? Ninataka kuandika kitabu cha msimu mmoja wa timu.

Chagua msimu wenye swali, usichague msimu wenye kombe. Portland ya 1979–80 ilikuwa na swali: timu bingwa inavunjikaje? Kombe huwezi kulijua mwanzoni, swali unaweza.

Pata ruhusa ya kuingia kabla msimu haujaanza, na ieleweke mapema unaruhusiwa wapi: mazoezini, kwenye basi, chumba cha kubadilishia nguo. Ruhusa ya mdomo huyeyuka timu ikipoteza mechi nne mfululizo, na hapo ndipo unapoihitaji zaidi.

Usianze na nyota. Nyota amehojiwa mara elfu na ana majibu tayari. Anza na msaka vipaji, mtunza vifaa, mchezaji aliyekatwa mwaka jana, kocha wa shule alikotoka nyota. Ukifika kwa nyota unajua maswali ambayo hajawahi kuulizwa. Na kila mahojiano yaishe kwa swali ambalo Halberstam aliwahimiza vijana walitumie siku zote: nani mwingine nizungumze naye? Swali hilo ndilo lililozaa orodha ndefu za majina ya waliohojiwa nyuma ya vitabu vyake.

Nenda walikotoka. Bila barabara za Mississippi, Bates ni mtu wa pointi 25 tu.

Tegemea kupoteza mhusika. Lucas na Hollins waliondoka katikati ya msimu. Anayefuatilia watu wawili tu anabaki na kitabu nusu. Fuatilia watano au sita, kila mmoja na faili lake.

Mwisho, hesabu muda. Msimu uliokwisha majira ya kuchipua ya 1980 ulikuwa kitabu mwaka 1981. Ukiuza kitabu kwa ahadi ya habari moto, kitapoa kabla hakijachapwa. Kiuze kwa kile ambacho mwaka mmoja hauwezi kukipunguza.

Vitabu hivi vina makosa?

Vya besiboli vina makosa madogo ya tarehe, alama na nani alifanya nini katika zamu gani, na wapenzi wa mchezo huo wameyabaini. Chanzo chake ni kilekile kinachovipa uhai: kumbukumbu za wazee. Mtu wa miaka 70 anakumbuka alivyojisikia kwa usahihi, na anakosea zamu. Ukitaka kunukuu takwimu, ihakiki kwanza kwenye Baseball-Reference au Retrosheet, ambako utapata matokeo ya kila mechi ya 1949 na 1964. Kwa kikapu tumia Basketball-Reference. Zote hazilipiwi.

Kuna udhaifu mwingine ambao si kosa la takwimu. Wanawake ni wachache mno kurasani, isipokuwa kama mama na mke. Na sentensi zake ni ndefu, zinarudia wazo mara mbili tatu. Ukisoma Kiingereza kama lugha ya tatu, soma kwa sauti, zitakaa sawa.

Alifariki vipi, na kitabu alichokuwa akikiandika kiliishia wapi?

Alikuwa California kutoa mhadhara Chuo Kikuu cha Berkeley. Tarehe 23 Aprili 2007 gari alilopanda lilipata ajali Menlo Park, akafa papo hapo akiwa na miaka 73. Alikuwa njiani kumhoji Y. A. Tittle, mchezaji wa zamani wa futiboli ya Kimarekani, kwa ajili ya kitabu juu ya fainali ya mwaka 1958 kati ya Baltimore Colts na New York Giants, mechi inayotajwa kuwa ndiyo iliyoifanya ligi ile kuwa mchezo wa televisheni. Frank Gifford, aliyecheza siku ile upande wa Giants, alikiandika kitabu cha mechi hiyo, kikatoka mwaka 2008 kwa jina la *The Glory Game*. Kisome ukijua ni kazi ya Gifford, si ya Halberstam.

Ninunue toleo gani?

Jalada jepesi lililotumika linatosha, maana vitabu hivi vilichapwa kwa wingi na bei ya vilivyotumika ni ndogo kuliko gharama ya kuvisafirisha. Toleo la kielektroniki ni rahisi zaidi kwa aliye mbali na Marekani, na kwa *Playing for Keeps* ndilo linalofaa hasa, kwani majina ni mengi na utahitaji kutafuta huyu alitajwa wapi mara ya kwanza. Kwa vitabu vya besiboli, hakikisha toleo lako lina kurasa za nyuma zenye majina ya waliohojiwa. Kabla ya kuanza sura ya kwanza, pitia orodha hiyo yote: utaona wachezaji wa akiba, watangazaji, waandishi wa magazeti yaliyokwisha kufa na mashabiki wa kawaida, na utajua tayari unakwenda kusikia sauti za nani.